Vitabu Viwili, Meli Moja

Jumatatu, 4 Machi

Bandarini, kutafuta habari za gazeti letu. Wiki ijayo wanaanza kuchimba njia mpya ya meli kubwa, kusini mwa mwamba. Mhandisi anasema huko chini ni matope meusi, laini kama uji. Kaskazini ni mchanga mweupe mtupu. Nikauliza kuhusu ile meli ya kale iliyozama. Akanifunulia kitabu cha shemeji yangu: ramani inaiweka kaskazini. Hawataigusa.

Shemeji ni kaka wa mke wangu. Ana riwaya kumi na moja za wazamiaji na majambazi — zinauzika. Ana pia vitabu vitatu vya akiolojia ya chini ya maji, ambavyo havisomwi na mtu ila wahandisi. Mhandisi huyu kasoma vyote. Kamwalika kwenye kikao cha bandari, Ijumaa. Mkewe anataka sahihi kwenye riwaya.

Jumanne, 5 Machi

Shemeji kaja kula. Kachomeka mwavuli kwenye mtungi wetu pale mlangoni — zawadi yake ya harusi. Mzito, na ndani una matope meusi yaliyoganda. Mke wangu kayasugua miaka yote, hayatoki.

Nikampa habari njema: hatimaye kuna mtu kasoma utafiti wake. Hakufurahi. Akauliza wanachimba wapi. Nikamwambia. Akaacha kutafuna. Dada yake akauliza kulikoni. Jino, akasema.

Jumatano, 6 Machi

Halikuwa jino. Kanifuata ofisini, kafunga mlango. Meli iko kusini!

Wakati anaandika kile kitabu, wezi walikuwa wanabeba vitu vya kale kwa magunia. Watafiti wenzake huwa hawachori kitu, wanaandika tu kwamba mahali pamehifadhiwa. Yeye alitaka ramani. Kitabu kisicho na ramani, anasema, kinafanana na kipeperushi. Basi akaihamishia meli kaskazini. Ukweli akautia kwenye riwaya, sura ya nne, pale jambazi wa jicho moja anapozamia kusini. Nani angeamini riwaya?

Wezi wamechekecha mchanga mpaka wamekata tamaa. Mbinu nzuri, nikamwambia. Jumatatu meli inasagwa.

Akisema, jina lake la utafiti limekwisha. Chuo kinafundishia ramani ile.

"Usiandike, shemeji."

"Ijumaa sema mwenyewe. Usiposema, naandika."

Nilipofika nyumbani mke wangu alikuwa keshasikia. Nikimwandika kaka yake, kasema, nitakula hukohuko gazetini.

Alhamisi, 7 Machi

Nimekula gazetini. Shemeji kawapigia simu bandarini bila kujitaja, kawaonya wasichimbe kusini. Mhandisi kanisimulia kwa kicheko: kuna msomaji kachanganyikiwa, anadhani sura ya nne ni ya kweli.

Ijumaa, 8 Machi

Naandika hapahapa kikaoni. Shemeji kavaa koti lake la misibani. Kasimama na vitabu viwili, kasema wazi: hiki cha utafiti nilidanganya, hii riwaya ndiyo kweli. Ukumbi ukacheka. Akarudia. Wakapiga makofi. Mwenyekiti kamshukuru kwa kuchangamsha kikao.

Mhandisi hakucheka sana. Kasema kwa upole: "Mzee, tuletee basi hata kitu kimoja kilichotoka kwenye yale matope."

Shemeji kaniangalia. Nimetazama kalamu. Kutoa kitu cha kale chini ya bahari bila kibali ni jela. Kukaa nacho nyumbani pia. Afisa wa mambo ya kale yuko kiti cha pili kutoka kwangu — alitukumbusha hayo mwanzoni mwa kikao.

Shemeji kachukua funguo za gari, katoka. Hakuaga.

Ajenda ya nne: maegesho ya malori.

Ujumbe wa mke wangu. Anauliza kaka yake kapatwa na nini — kaja mbio, kamwaga miavuli yote sakafuni, kaondoka na zawadi yetu ya harusi. Nimemjibu asinisubiri kula.

Bado maegesho. Mlango unafunguliwa. Shemeji kaingia na mtungi, kaukumbatia kama mtoto mchanga. Maegesho yamesimama. Hakuna anayecheka. Mhandisi kainuka, kaingiza mkono ndani ya mtungi, kautoa, anaangalia ncha za vidole.

Nimemwonyesha shemeji kiti kilicho wazi, kati yangu na afisa. Hajakaa. Afisa kainama kwangu, anauliza kwa sauti ya chini kama nimewahi kuuona mtungi ule. Nimemwambia anisubiri, namalizia sentensi