Sogeza Kiti

Yaya Bahati, mkubwa wangu,

Magoti yamepoa? Huku ugenini Saint-Josse mvua haina haraka. Jumapili kanisani walinipa mikro nisome matangazo, na mdomo wenyewe ukatoa wito wa redio yetu: “Hapa ni Bukavu, sogeza kiti.” Maman Zawadi, mzee wa kwetu, akafuta machozi. “Papa, redio yenu ingali inasema?”

Nikashindwa kumwambia tuliifunga. Nikajibu ndiyo. Bon, akanilisha bugali na sambaza, vile visamaki vya ziwa letu, akanipa salamu nimtangazie mdogo wake, Maman Faida wa huko kwenu Kadutu. Nilikula kwa haya.

Tafadhali chukua ile ngoma uliyokuwa unaipiga kufungua matangazo ya redio yetu asubuhi. Upige mlangoni kwa Faida, useme “sogeza kiti,” ndipo umpe salamu. Redio iseme, hata kwa mlango mmoja.

Mungu akutunzie mikono.

Mdogo wako, Amani