Sauti ya Mke wa Mwenye Kinu

Praha, 20 Septemba 1971

Mama mpendwa,

Salamu nyingi. Mimi mzima, wasiwasi wangu ni macho yako tu. Filamu tumemaliza kupiga picha. Humo naigiza mke wa mwenye kinu cha unga, na safari hii nina maneno mengi, si kupita na sinia la bia kama zamani. Usiseme hutaiona. Sisi hupigwa picha kwanza, sauti tunaitia baadaye studioni, majira ya baridi. Nitatamka kila neno wazi kwa ajili yako. Kaka Ctibor amesharudi kutoka likizoni Yugoslavia?

Mwanao, Blažena

Lhota, 14 Oktoba 1971

Blaženka mwanangu,

Hujambo? Mimi sijambo, ila sasa naona mwanga tu. Anayenisomea na kuniandikia barua ni jirani Ludmila wa posta. Kaka yako alikwenda kuogelea, akatokea Vienna, kwa watu wa Magharibi! Kadi yake inasema harudi. Walikuja watu wawili wa serikali kuniuliza habari zake. Nikawapa keki za plamu, wakala, wakauliza tena. Nimebaki na wewe. Wengine watakutazama, mimi nitakusikiliza. Ludmila ananicheka, eti nimeshapiga pasi nguo ya sinema.

Mama yako

Praha, 3 Machi 1972

Mama,

U hali gani? Mimi naendelea tu. Filamu itafika kwenu Aprili. Nakuomba usiende. Ukumbi ule una baridi, na kifua chako nakijua. Nimehamishiwa jumba dogo la maigizo mpakani. Nikipata ruhusa nitakuja nikusimulie mwenyewe. Tafadhali, Mama.

Mwanao

Lhota, 18 Aprili 1972

Mwanangu,

Salamu. Kifua hakina neno. Nilikwenda, mama gani angekaa nyumbani? Watu wakasema, "Huyo, Blažena anaingia!" Kumbe aliyezungumza ni mtu mwingine. Nikapaza sauti: "Huyo si mwanangu!" Wakacheka. Mwenye mashine ya sinema akaniambia, "Tulia bibi, ni yeye, tunamwona kwa macho yetu." Wote wanaapa ni wewe. Wameanza kunitajia nyumba ya wazee. Mimi nakujua hata ukikohoa! Niambie, nimerukwa na akili? Utakalosema wewe nitaliamini.

Mama yako

Mpakani, 25 Aprili 1972

Mama yangu,

Pole sana. Akili zako timamu! Kwa sababu Ctibor alitoroka, walinizuia mlangoni mwa studio, maneno yangu akayasema mwenzangu. Simlaumu, ana watoto, angefanyaje? Niliogopa kukuandikia. Katika ukumbi mzima ni wewe peke yako uliyesikia sawasawa. Ruhusa ya kuja wameninyima. Mtu asikwambie vingine.

Mwanao

Lhota, 2 Mei 1972

Blažena,

Salamu. Mama yako anakula kidogo kidogo. Barua yako sikumsomea ilivyo. Bahasha ilinifikia ikiwa imeshafunguliwa, na binti yangu anangoja nafasi ya shule, wanaweza kumnyima. Ningeyasoma yale, mama yako angeyatangaza kijiji kizima, unamjua. Nikamwambia umeandika kwamba sauti ile ni yako, ila ulikuwa na mafua. Usiniletee tena mambo hayo, nakusihi.

Hakubisha. Alisema tu, "Basi ni kweli, nimerukwa na akili," akaniomba nizime redio. Siku hizi nikipiga hodi huniuliza mimi ni nani, na nikishajibu, huniuliza tena.

Jirani yenu, Ludmila