Mwendo wa Mama

Old Kampala,
Jumapili

Kwa dada yangu mpenzi Hajara,

Assalaam alaykum. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji na watoto, na joto la Muscat limewahurumia kidogo. Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi. Mama anakula vizuri na bado anagombana na wauza nyanya, kwa hiyo ujue afya ipo.

Najua umesikia kwamba nimeacha jukwaa. Usiwasikilize wanaosema nimerukwa na akili. Miaka yote ile nilivaa buibui, nikajiita Hajati, nikamwigiza mama pale ukumbini Kamwokya mpaka watu wakavunjika mbavu. Nimechoka, dada. Sasa natengeneza filamu ya mama mwenyewe, na nia yangu ni moja tu: watu wamwone alivyo, wamsahau yule wa kwangu.

Siku ya kwanza alikataa katakata kamera iwashwe kabla mpiga picha wangu, Obwona, hajanywa chai na kumaliza vitumbua. Alisema mgeni hafanyishwi kazi akiwa na njaa. Obwona akala mpaka akalegeza mkanda. Kisha tukamwomba mama aende tu dukani kwa Abdulghani, anunue iliki, arudi.

Dada, alitembea kama mimi! Bega moja juu, na kila baada ya hatua chache anasimama, anashika nyonga, anamwita Mola. Kituko kile cha nyonga nilikitunga mwenyewe mazoezini. Mama hajawahi kuumwa nyonga. Obwona akaninong'oneza, "Bosi, mama yako anaigiza wewe." Nikamwomba mama arudie kwa mwendo wake wa kawaida. Akarudia vilevile. Nikaudhika, nikamwambia hapa si ukumbini.

Ndipo akaketi, akaniambia nisilolijua. Aliwahi kuja kunitazama, amevaa nikabu, akakaa viti vya nyuma. Alicheka pamoja na wengine. Lakini baadaye kila akipita mtaani watu walimkodolea macho, wakasema mbona Hajati hatembei kama yule wa jukwaani, kumbe mwanawe mwongo. Basi akajifunza. Alisema hakuweza kuvumilia mwanawe aitwe mwongo, na sasa mwendo ule umemkaa, hata akiwa peke yake chumbani.

Nililia mbele ya Obwona bila haya. Nimepekua picha zetu zote za zamani, na katika kila moja mama ameketi au amesimama. Wewe ni mkubwa wangu, alikushika mkono kukupeleka madrasa kabla mimi sijazaliwa. Nakuomba, kaa utulie, uniandikie: mama alikuwa anatembeaje? Mimi nimejaribu kukumbuka, na kila nikifumba macho najiona mimi.

Mama anakusalimu sana, anasema watoto wasiache Kurani kwa sababu ya simu. Msalimie shemeji. Mungu awalinde nyote.

Ni mimi mdogo wako,
Jibril