Wali wa Kunguru, Mikelenge

Kindu, mwezi wa kumi 2002

Hansa mudogo wangu,

Jambo yako. Watoto wanakula? Siye tuko, lakini kusema tuko wazima ni uongo. Mujukuu wangu Rehema njo anaandika, mimi ninasema.

Kaa chini kwanza. Umekaa? Bwana yako Jayanti amekufa. Malaria, na dawa hakuna. Alikatala kukimbia vita pamoja na ninyi, akabaki kulinda duka ya chumvi, na chumvi yenyewe iliisha. Wazee wa musikiti walimuosha, wakamuzika hapa mutaa wetu wa Mikelenge. Ninajua, ninyi Wahindi munachoma wafu. Lakini kuni iko porini, na porini iko bunduki. Usinilaumu. Ao nilaumu, lakini andika.

Yaya yako,
Aziza

Kigoma, Februari 2003

Dada Aziza,

Shikamoo. Wajukuu hawajambo? Sisi tunapumua.

Sikulaumu. Bangili zangu nimezivunja mwenyewe, huku hakuna mjane mwenzangu wa kunivunjia. Dada, kwetu kuna siku za kulisha wafu, mwezi wa tisa, mbalamwezi ikianza kupungua. Pika wali kwa maziwa na sukari, uweke juu ya bati. Kunguru akila, Jayanti amekula. Akikataa, marehemu ana neno moyoni. Mwahidi analotaka mpaka ale. Nifanyie. Mimi niko mbali, hatanisikia.

Mdogo wako,
Hansa

Kindu, mwezi wa tisa 2003

Hansa mudogo wangu,

Habari ya magoti? Yangu inalia kama mulango.

Nimepika. Kwanza nilikasirika: wali wa maziwa kwa kunguru, na watoto wa hapa wanalala njaa! Nikawapa watoto sufuria, nikatoa sahani ya Jayanti. Kunguru akakuja, akageuza kichwa kama mukubwa wa ofisi. Nikamuambia: mutoto wako Bharat anasoma vizuri. Akakatala. Nikasema: Hansa halii tena. Akakatala, uongo anaujua. Nikachoka: "Kula, kichwa ngumu weye! Hansa atakuja!" Akala yote, akapanguza mudomo kwa bati.

Basi nimekuahidia kwake. Utakuja.

Yaya yako,
Aziza

Kigoma, Agosti 2024

Mama mkubwa,

Shikamoo. Ni mimi Bharat, mtoto wa Hansa. Naomba radhi kwa kimya kirefu hiki.

Barua yako mama aliipata. Kila mwaka alifunga mzigo, kisha akaufungua, mara vita, mara miguu. Kukujibu "siji" aliona haya. Kujibu "naja" aliogopa kumdanganya mfu. Amefariki juma lililopita. Tumemchoma, na majivu nimeyamwaga hapa ziwani, kama desturi yetu.

Mwanao,
Bharat

Kindu, mwezi wa tisa 2024

Bharat mutoto wangu,

Pole. Umekula? Kula.

Mama yako alikuwa mujinga. Haya ya nini kwangu mimi? Kila mwaka nilipika, nikamuambia baba yako: "Hansa yuko njiani." Basi njo mimi nilidanganya mufu. Barua yako iliposomwa nilikaa kwa udongo, nikalia mpaka majirani wakakuja kuuliza matanga iko wapi.

Soudi, muntu wa pirogi, mitumbwi ya hapa mutoni, akauliza: ziwa gani? Nikasema ya Kigoma. "Koko, bibi yetu, maji ya ile ziwa inatokea Kalemie, inafuata Lukuga, Lukuga inaingia Lualaba. Na Lualaba, si njo hii yetu?"

Majivu itafika lini? Hajui. Lakini muto hausimami, mutoto wangu. Utamupitisha mama yako kama haumujui, na kaburi ya baba yako iko mbali na maji. Kwa hiyo kila asubui ninashuka mutoni, ninapiga kelele: "Hansa! Ni huku! Hansa!"

Watu wa pirogi wanacheka. Wacheke.

Mama yako mukubwa,
Aziza