Ndoa ya Kahindo Yenye Sikualikwa

Kavira, mujukuu wangu,

Huku Butembo tuko salama. Mama yako amepona malaria, na mbuzi wangu amekula kitambaa cha meza. Unauliza utulize roho namna gani, sababu rafiki yako hakukualika kwa ndoa.

Mimi ndoa ya rafiki yangu Kahindo niliisikia kanisani, padri akisoma matangazo. Ilikuwa wakati wa vita. Tangu pale, Kahindo akiniona njiani alikuwa anageuka haraka. Siku yenyewe ya ndoa sikuweza kukaa: nikafagia kiwanja mara tatu, nikaenda kupalilia, nikang'oa maharagi, nikaacha majani.

Mama yangu akacheka: "Wee! Kahindo ndiye alikukosea, maharagi yamefanya nini?"

Jumatatu nikaenda kwake, maneno makali tayari mdomoni. Akafungua mulango, akaanza kulia mbele yangu.

"Bakwe balisema tualike batu kumi tu, sababu basoda benye bunduki habapendi batu bajikusanye. Nilishindwa kukuambia."

Donc ndiyo maana alikuwa ananikimbia njiani! Iliniuma bado, sikudanganyi. Mais nikaketi naye. Ile karamu sikuila, lakini vyungu vyake tuliviosha pamoja, tukicheka mpaka mama mukwe wake akatoka kuangalia.

Koko wako, Biira