Kati ya Thelathini na Moja na Thelathini na Nne

6 Februari

Mkwe wangu,

Natumaini mafua yaliyokupokea huko rumande yamekuachia, na kwamba umepata blanketi la pili. Mimi ni mzima ukiacha magoti, ambayo siku hizi huamka kabla yangu na kunisubiri kwa hasira.

Wakili wako alikuja jana. Ana adabu, ila huongea kama anayekimbizwa, kwa hiyo acha nikueleze mimi taratibu. Sheria haitosheki na kujua nani amekufa na nani alikuwa karibu. Inataka kujua mkono ulifanya nini na moyo ulikuwa wapi. Mume wako, mwanangu wa pekee, alikunywa dawa kali ya kusafishia picha kutoka katika chupa uliyoiweka wewe kwenye rafu. Hilo halina ubishi. Ubishi uko moyoni. Kama ulikusudia, ni mauaji. Kama ulisahau, ni ajali, nawe utarudi nyumbani.

Nimemweleza wakili kazi yenu kama nilivyokuwa nikieleza darasani. Filamu husafishwa katika giza kamili, kwa maana hata mwanga wa tundu la ufunguo huiunguza. Gizani macho hayana kazi, ndiyo maana mlizifunga chupa nyuzi shingoni ili vidole vizisome: fundo moja ni dawa ya kwanza, mawili ni ya pili, matatu ni ile kali. Chupa isiyo na uzi ni maji ya kunywa. Wakili akauliza, "Mzee, watu wazima wanaweka maji ya kunywa rafu moja na sumu?" Nikamwambia, "Wewe hujawahi kufungiwa saa tatu ndani ya chumba kisicho na dirisha."

Nikamweleza pia kwamba kila Jumamosi ulifungua nyuzi zote, ukaosha chupa, kisha ukazifunga upya. Nimekuona ukifanya hivyo miaka tisa. Jumamosi ile ulisahau kuifunga moja. Nitasimama mbele ya jaji niseme hivyo.

Asubuhi nafungua studio ili wateja wachukue picha zao. Zimebaki nyingi, zinaning'inia kwenye kamba kwa vibanio. Upepo ukipita dirishani, zote huinama na kuinuka pamoja, na mimi huona kama mtaa mzima unanikubalia kwa vichwa jambo ambalo sijalisema. Juzi mama mmoja alishika picha ya mwanawe akashangaa: "Mbona huyu siku ile alilia mwanzo mwisho, na hapa anacheka?" Nikamjibu kwamba mwanangu hakuitwa Tabasamu bure.

Najua ndugu zako wamekukana. Wasikuumize kichwa. Mimi nipo.

Ni mimi,
Baba mkwe wako

*

19 Februari

Baba,

Shikamoo. Barua yako nimeisoma mpaka mikunjo yake imelegea kama kitambaa. Mafua yameondoka. Blanketi la pili nimepewa na mwenzangu wa chumba tunayemwita Redio, kwa sababu hana kitufe cha kuzimia. Ameshtakiwa kumpiga mwenye nyumba wake kwa ndoo. Anasema, "Dada, mimi nilimpiga kwa ndoo tupu. Ingekuwa na maji ningeielewa serikali." Tunacheka mpaka askari anagonga mlango.

Redio akilala ndipo ukuta unapoanza. Sijui nikuelezeje, Baba. Ni ukuta mweupe, uliopakwa chokaa, na alfajiri mwanga ukianza kuingia, ukuta unakuwa kama karatasi iliyolowekwa kwenye dawa. Kwanza doa la kijivu. Halafu nyusi. Halafu ule upande wa mdomo wake uliokuwa ukipanda kidogo kuliko mwingine. Nangoja uso ukamilike ili anitazame, lakini mwanga unazidi, na picha inaungua kabla ya macho kutokea.

Nina swali moja, Baba, naomba unijibu kabla hujaapa mbele ya watu. Mwaka ule wa mwisho ulikuwa ukija kula kwetu kila Jumapili. Uliwahi kumsikia akiniita?

Magoti yako uyapake mafuta ya moto. Usipande ngazi ya studio bila kushika ukuta.

Ni mimi,
Mkaza mwanao

*

2 Machi

Mkwe wangu,

Magoti yamepakwa mafuta, yanakushukuru. Ngazi naipanda kama mwizi, hatua moja na pumzi mbili.

Swali lako nimelala nalo siku nne. Sikuwahi kumsikia. Nakumbuka aliniambia, "Baba, mwambie huyo anisogezee chumvi," nawe ulikuwa umekaa hatua moja tu kutoka kwake. Nikakwambia, ukaisogeza. Miezi kumi na moja nilikuwa mkalimani wa chumvi, na nikaona ni mambo ya ndani ya ndoa.

Chanzo nakijua. Ulifungua mlango wa chumba cha giza ukidhani amekwisha maliza, mwanga ukaingia, ukaziunguza picha sita za mwisho za mama yake. Mama yake alikuwa mke wangu, na mimi nilikusamehe siku ileile. Picha ni picha. Lakini sikumwambia yeye asamehe. Na kununa kule hakukuokota barabarani. Niliwahi kumnunia mama yake msimu mzima wa mvua, na leo sababu yenyewe siikumbuki.

Hayo yabaki kati yetu. Mwendesha mashtaka anatafuta kitu kinachoitwa nia, yaani sababu ya mtu kutaka kuua, na habari ya ukimya ule ataifurahia kuliko chakula. Jirani yenu mshona nguo ameshahojiwa, lakini anachojua ni kwamba mlikuwa "watu wapole wasiogombana". Tumwache hapohapo.

Kesi ni tarehe 26. Nitasema ni ajali, kwa sababu naijua mikono yako.

Ni mimi,
Baba mkwe wako

*

11 Machi

Baba,

Shikamoo. Barua hii haipiti kwa askari. Redio ameachiwa leo, mwenye nyumba hakutokea mahakamani, naye ataileta mkononi. Hajui kusoma. Mpe chai, na umvumilie.

Ulisema unaijua mikono yangu. Ni kweli, mikono haikufanya kitu. Jumamosi ile niliosha chupa, nikafunga nyuzi mbili, na ya tatu niliiweka kwenye mfuko wa aproni kwa sababu mteja aliita mlangoni. Niliporudi alikuwa amekwisha ingia ndani, ananisubiri ili tuzime taa. Nikaipandisha chupa rafuni bila uzi. Huko ndiko kusahau. Mpaka hapo unaweza kuapa, Baba, na Mungu akakusikiliza.

Tukazima. Unalijua giza lile, uliwahi kuingia mara moja ukasema ni kama kuwa ndani ya jicho lililofumbwa. Yeye akitikisa filamu kwenye dawa, mimi nikihesabu kwa sauti, kama kawaida yetu. Kuhesabu ndiyo sauti pekee niliyokuwa nimebakiwa nayo mbele yake. Hapo aliisikiliza. Hapo alinihitaji. Kuna siku nilitamani tusafishe filamu mchana kutwa.

Kwenye ishirini na nane nilitia mkono mfukoni kujifuta jasho kwa leso, nikaukuta uzi. Ulikuwa na mafundo matatu.

Kwenye thelathini nikasikia kiganja chake kikipapasa rafu, akitafuta maji. Kwenye thelathini na moja chupa ikainuka. Najua ilikuwa ile, kwa sababu ilikwaruza mahali pake, pembeni kabisa, penye ubao uliopasuka. Pua za watu wa kazi yetu hufa mapema, asingeweza kunusa. Siku zote alikuwa akinywa kama anayezima moto. Ilibidi niseme neno moja tu. Neno lolote.

Baba, miezi kumi na moja nilitafuta neno ambalo nikilisema ataitikia. Nililitafuta jikoni, nililitafuta kitandani, nililiandika kwenye karatasi nikalitia katika mfuko wa shati lake. Siku ile nikawa nalo mdomoni. Nami nikasema, "Thelathini na mbili." Nikasema, "Thelathini na tatu." Kwa sauti ileile, Baba. Haikutetemeka. Ilikuwa kama naota, na katika ndoto ile mimi ndiye niliyekuwa sijibu.

Alimeza kwenye thelathini na nne.

Kwenye thelathini na tano nikapiga kelele. Jirani atakwambia kelele zile zilikuwa za kweli, na kweli zilikuwa za kweli. Zilikuwa zimechelewa hesabu nne.

Wakili sijamwambia. Nakwambia wewe kwa sababu ni wewe utakayeapa, na kwa sababu huna mwana mwingine, na mimi sina mtu mwingine. Najua baada ya barua hii huenda nisiwe na mtu kabisa.

Ni mimi,
Mkaza mwanao

*

14 Machi

Imefika. Redio amekunywa vikombe vitatu na kunisimulia habari za ndoo mara mbili. Mahakamani nitakuja.

Baba wa marehemu

*

9 Aprili

Baba,

Shikamoo, hata kama huipokei. Nimehamishiwa gereza kubwa. Afya yangu ni nzuri. Nimepangwa kwenye chumba cha kushona sare, na mikono inashukuru kupata kazi.

Ulikuwepo siku ile, kwa hiyo sina la kukusimulia. Lakini tangu wakati huo naiona kama kitu kilichotokea chini ya maji, na nikiiandika labda itapanda juu.

Ulivaa koti lako la kufundishia. Ulieleza kuhusu chupa na nyuzi, ukaeleza mpaka karani akaacha kuandika akawa anasikiliza tu. Jaji mwenyewe alikuuliza filamu ni nini hasa, na ukamweleza, ukamwuliza kama ameelewa. Watu wakacheka. Nikafikiri: laiti angeendelea hivi mpaka jioni.

Halafu wakili akauliza, "Mzee, kwa unavyomjua mshtakiwa, ile ilikuwa ajali?"

Ukageuka kunitazama.

Jaji akasema, "Mzee, umelisikia swali?"

"Nimelisikia, Mheshimiwa."

"Basi lijibu."

Feni ya dari ilikuwa ikizunguka polepole, na kivuli cha panga zake kikipita usoni mwako, giza, mwanga, giza. Ulikuwa ukinitazama. Nikajikuta nahesabu, Baba. Sikutaka, ilianza yenyewe. Nikaona koo lako likisogea, na sikujua litatoka lipi: uongo utakaokula maisha yako yote, au ukweli wa kumfunga mkwe wako. Nilipofika ishirini na nane nikasimama nikasema, "Mheshimiwa, msimbane baba yangu. Nitasema mimi."

Wakili aliivuta nguo yangu kama anayemvuta mtu kisimani. Nikasema yote. Jirani mshona nguo akapiga ukelele, "Nyoka! Na mimi nilikuwa nakuazima mkasi!"

Hukumu ilisomwa siku ya tatu, kwa saa nzima. Jaji alisema aliyeitega hatari kwa mkono wake, hata bila kujua, kisha akaijua, akawa na nafasi ya kuizuia kwa neno moja, akachagua kunyamaza ili ifanye kazi, huyo ameua kwa kukusudia. Kifungo cha maisha. Nilitazama kiti chako, hukuwepo. Sikulaumu.

Ukuta wa huku ni wa kijivu, haunionyeshi chochote.

Ni mimi,
Mkaza mwanao

*

14 Septemba

Mkwe wangu,

Natumaini barua hii inakukuta na afya, na kwamba ushonaji haujakuharibu macho. Mimi ni mzima. Kimya changu cha miezi mitano umekielewa vizuri kuliko mtu yeyote, kwa hiyo sitakieleza, ingawa kueleza ndiyo kazi yangu.

Studio nimeifunga. Picha zote zimechukuliwa ila moja, ya mtu ambaye hakuna anayemtambua.

Nimefundisha miaka thelathini methali isemayo heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Sikuwahi kuwaambia watoto kwamba kuna ulimi usiojikwaa wala kusogea, na bado mtu akafa. Wewe ulikuwa na hesabu nne. Mimi nilikuwa na Jumapili arobaini na kitu, mezani, mchana kweupe, na nilichofanya ni kupitisha chumvi. Sisemi hivi ili kukupunguzia. Jaji alikuhukumu sawasawa. Nasema kwa sababu ni kweli.

Unataka kujua ningejibu nini siku ile. Nimejiuliza. Nilikuwa nimefungua mdomo, na sijui mpaka leo ni neno gani lililokuwa linakuja. Uliniondolea kazi ya kulijua. Siku nyingine nakushukuru kwa hilo, siku nyingine nakuchukia.

Sijakusamehe. Nimejaribu, kama mtu anayejaribu kufungua kopo kwa kucha. Lakini nimegundua kwamba hakuna mtu mwingine aliyebaki duniani anayekumbuka jinsi upande mmoja wa mdomo wake ulivyokuwa ukipanda. Ni mimi na wewe tu.

Nimekuja getini kwenu mara mbili. Mara ya kwanza askari alichukua fomu akaniuliza, "Mzee, wewe ni nani wa mfungwa?"

Nikamwambia, "Hilo lina maelezo."

"Mzee wangu, hapa pana mstari mmoja tu."

Walio nyuma yangu wakacheka, na mimi pia nikacheka kidogo. Nikasema ni baba wa aliyeuawa. Akaweka kalamu chini, akasema basi haiwezekani, watu kama hao hawaruhusiwi kuonana na mfungwa. Nikasema pia ni baba yake. Akatazama jina la ukoo wako na langu, akasema kwamba sidanganyi vizuri. Nikarudi nyumbani.

Mara ya pili nilisimama kwenye foleni mpaka nikafika dirishani, na mdomo ukagoma kabisa. Ni askari yuleyule. Akanitazama sana, halafu akasema, nadhani kwa huruma, kwamba kuna njia nyingine: mfungwa mwenyewe anaweza kupeleka jina la mgeni anayemtaka, na aandike ni nani wake.

Kwa hiyo naliacha mkononi mwako. Usiandike kunifurahisha, na usiandike kujiadhibu. Andika lile unaloweza kulibeba.

Alhamisi ya wiki ijayo nitasimama chini ya lile dirisha. Watasoma ulichoandika kwa sauti, mbele ya watu wote, na mimi nitaitikia.