Mwendo wa Nyota wa Filamu Bubu

Alexandria, Virginia
12 Mei

Kwa mdogo wangu Tito,

Natumaini u mzima. Mimi ni mzima, tena leo nina furaha isiyolingana na umri wangu.

Jana kituo chetu cha wazee kilituandalia filamu bubu za kale. Kabla ya kuonyeshwa, palikuwa na shindano la kumwigiza nyota wake, yule mchekeshaji mwenye koti la kubana na miguu isiyosikilizana. Nami nikainuka, Tito! Nikatembea ukumbi mzima, watu wakacheka hadi machozi.

Chebet, Mkenya anayetuhudumia, alipiga kelele: "Umewin, mzee! Ni yeye kabisa!"

Nikamwambia neno ni "umeshinda".

"Sawa, mwalimu, umeshinda. Lakini nani alikufunza hiyo mwendo?"

Swali hilo sikulisahihisha; nilirudi kuketi.

Kisha filamu ikaanza, nikamwona nyota mwenyewe kwa mara ya kwanza maishani. Unakumbuka kwamba gari la sinema lilipokuja shuleni nilikokuwa nakufundisha, nilikataa kutazama upuuzi. Nilichokiona ni wewe, kesho yake, ukitembea hivyo mbele ya darasa langu. Nilikuchapa viboko sita. Hukurudi shule tena, wala hukuniita kaka tangu siku hiyo.

Jana nilikuwa nakuigiza wewe, Tito, na hukuwa umekosea hata hatua moja. Niliyekosea ni mimi. Nisamehe. Nipigie simu, hata kama ni ya kunigombeza.

Ndugu yako,
Dunstan